VIBANDA VYA SOKO: ORODHA IBANDIKWE UKUTANI

Ndugu wafanya kazi wa reli, na ninyi akina mama wa sokoni mnaosomewa gazeti hili nyumbani,

Neno langu leo si la mshahara wala la saa za kazi. Ni neno la vibanda vya soko. Najua wako ndugu watakaosema, "Mtu wa genge la njia ana kazi gani na vibanda? Chama ni cha reli, na soko ni la kaunti." Hao nawauliza kwanza. Mshahara wako ukiisha kukatwa mkopo, ukakatwa bima, ukakatwa ushuru wa nyumba, unakufikisha tarehe ngapi? Mimi najua wangu unakoma wapi. Unga wa siku zinazobaki hautoki katika karatasi ya mshahara. Unatoka kwa mama watoto, ambaye ameketi tangu alfajiri nyuma ya viazi na vitunguu. Nyumba nyingi za watu wa reli hapa Fort Ternan zinakula mishahara miwili, mmoja una karatasi na wa pili hauna. Ule usio na karatasi ndio mwepesi kuibwa. Basi mtu asituambie kwamba meza ya soko si jambo la wafanya kazi.

Nasema hivi: kibanda cha soko hakipotei kortini. Kinapotea siku ile orodha ya majina inapoandikwa chumbani, mlango umefungwa. Korti huja nyuma, na ikija, mara nyingi inalikuta kufuli la mwizi limekwisha tiwa mlangoni. Tukitaka kushinda, tuipiganie orodha kabla ya kupigania kufuli.

Tazameni mahali petu. Reli ilifika Kisumu Desemba 1901, na tangu hapo stesheni za njia hii, Londiani, Lumbwa ambayo leo twaiita Kipkelion, Fort Ternan, Koru, Muhoroni, zimekuwa na watu wa kuuza na kununua mlangoni pake. Juu yetu ni chai na kahawa, chini yetu ni miwa. Maziwa, mahindi na viazi vinateremka, omena wanapanda, ndizi zaja kutoka Kisii. Lakini wanaotaka mahali pa kuketi wanazidi kila mwaka. Mashine za kuchuma chai zimewanyang'anya wachumaji wengi kazi huko Kericho, na Mei 2023 watu walikasirika hata mashine zikachomwa moto. Aliyetolewa shambani anakwenda wapi? Ananunua gunia la kabeji kwa deni, anakuja sokoni. Akikuta nafasi zote zimegawanywa kwa wenye jamaa ofisini, anatandika kando ya barabara.

Na kando ya barabara ndiko kifo kiliko. Ijumaa tarehe 30 Juni 2023, jioni, pale Londiani Junction, lori liliacha njia likawaingia wachuuzi, watu wa bodaboda na abiria waliokuwa wakingoja matatu. Walikufa watu zaidi ya 50. Wengi wetu twaijua njia panda ile, tumenunua pale karoti na viazi tukisafiri. Baada ya ajali wakubwa wakasema wachuuzi waondoke barabarani. Ni kweli, waondoke, barabara kuu si soko. Lakini swali la pili halikuulizwa kwa sauti kubwa: waende wapi, na ni nani atakayeandika majina ya wale watakaopewa nafasi? Mama hakai penye malori kwa kupenda moshi. Anakaa pale kwa sababu hapo hakuna karani wa kumwuliza, "Wewe ni wa nani?"

Sasa nitaeleza jinsi kazi hii ya giza inavyofanyika. Liko soko moja ambalo sitalitaja jina, kwa maana shauri lake halijaisha na sitaki kuwaharibia wenye shauri. Shemeji yangu, dada wa mke wangu, aliuza pale miaka tisa. Kila siku alilipa ushuru, zamani kwa risiti ya karatasi, siku hizi kwa simu. Wakaja watu wa ofisi wakasema soko litajengwa upya, hameni miezi sita, kila mtu atarudi mahali pake. Karani akapita na daftari, akaandika majina kwa penseli. Kwa penseli, ndugu zangu! Miezi sita ikawa miaka. Soko likaisha, likawa zuri, bati jipya, maji ya mfereji. Lakini vibanda vikawa vichache kuliko meza za zamani, kwa sababu ni vikubwa, na orodha ilipotoka jina la shemeji halikuwamo. Walikuwamo watu ambao hawajapima hata gorogoro moja ya maharagwe maisha yao yote. Mmoja alikuwa na duka mjini tayari. Mwingine alikuwa bado mtoto wa shule. Kila mmoja alikuwa na barua yenye mhuri. Akina mama walikwenda ofisini, wakaambiwa rudini Jumatatu. Jumatatu wakaambiwa mkubwa yuko mkutanoni. Na usiku wa Jumatano kufuli zikatiwa katika milango yote.

Hapo ndipo walipokwenda kwa wakili, na hapo ndipo ninapotaka mnisikilize vizuri.

Shauri likifika mbele ya jaji, jambo la kwanza si nani mkweli. Jambo la kwanza ni kuzuia fujo mpaka ushahidi usikizwe. Basi jaji hutoa amri kwamba hali ibaki kama ilivyo. Simlaumu. Amri hiyo ina maana yake, watu wasipigane mapanga huku shauri linaendelea. Lakini "ilivyo" ni nini? Ni kufuli. Aliyelala na kufuli mlangoni ndiye anayeuza mpaka siku ya hukumu, na aliyefungiwa nje ndiye anayelipa nauli ya Kericho. Leo shauri linaahirishwa kwa sababu wakili wa upande wa pili ni mgonjwa. Mwezi ujao jaji amehamishwa. Kila siku moja ya korti ni siku moja bila kuuza. Mwenye kibanda cha wizi anamlipa wakili wake kwa faida ya kibanda chenyewe! Na ikiwa akina mama watawahi kupata amri kabla ya kufuli, mara nyingine soko zima hufungwa, na mbuzi wanalala ndani ya vibanda vilivyojengwa kwa kodi yetu. Tumeyaona masoko ya ule mpango wa serikali wa mwaka 2009 wa kufufua uchumi. Mengi yalikaa miaka na miaka bila kutumika.

Tena kuna jambo ambalo watu wengi hawalijui. Mtu hudhani kwamba mwenye kibanda cha kaunti ni mpangaji kama mpangaji wa duka la mtu binafsi. Siyo. Iko sheria ya wapangaji wa maduka, hoteli na nyumba za chakula, Sura 301 ya Sheria za Kenya. Sheria hiyo inamlinda mpangaji wa duka, asifukuzwe wala asipandishiwe kodi bila notisi iliyo sawa, na ana baraza lake la kusikiza malalamiko. Lakini sheria hiyo hiyo yasema kwamba upangaji ambao serikali au halmashauri ya mahali ni mmoja wa wenye mapatano haumo ndani yake. Maana yake nini? Mwenye duka mjini, mtu wa uwezo, ana baraza la kumlinda. Mama wa meza ya soko, ambaye mwenye nyumba wake ni kaunti, baraza hilo halimsikizi. Sijui ni nani alifikiri kwamba serikali haiwezi kuwa mwenye nyumba mbaya. Amekuwa mpangaji wa serikali siku ngapi?

Basi hatuna kitu? Tunacho, na ndicho nilichoandikia barua hii.

Katiba ya 2010 iliyapa maserikali ya kaunti kazi ya masoko, na tangu mwaka 2013 mabaraza ya mji ya zamani hayapo tena. Lakini Katiba hiyo, kifungu cha 47, yasema kila mtu ana haki ya kutendewa kazi ya utawala kwa njia ya haraka, ya halali na ya haki, na akiumizwa na uamuzi wa ofisi ana haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Mwaka 2015 Bunge likatunga sheria ya kueleza kifungu hicho. Yasema ofisi ikitaka kufanya uamuzi wa kumwumiza mtu, kwanza impe habari mapema na nafasi ya kusema neno lake. Tena yasema ukiomba sababu, ofisi ikupe kwa maandishi katika muda wa miezi mitatu. Ikinyamaza, korti itachukua kwamba uamuzi ule ulifanywa bila sababu nzuri, mpaka ofisi ithibitishe vingine. Someni tena hapo. Ukimya wa karani, ambao siku zote ulikuwa panga lake, unageuka kumkata yeye. Lakini unageuka kwa sharti moja, kwamba uliuliza kwa barua, na nakala unayo, imepigwa mhuri wa kupokelewa. Aliyekwenda kuuliza kwa mdomo na kuambiwa "rudi Jumatatu" hana kitu cha kumwonyesha jaji.

Mwaka 2016 ikaja sheria ya nyingine ya kupata habari. Kwa hiyo mwananchi anaweza kuiomba ofisi ya umma karatasi zake, na orodha ya vibanda ni karatasi ya umma, si barua ya mapenzi. Ofisi ina siku 21 kujibu. Ikikataa, yuko Mpokeaji wa Malalamiko, yaani ile Tume ya Haki ya Utawala, wa kuangalia kama ilikataa kwa haki. Na maombi hayo huandikwa kwa Kiingereza au kwa Kiswahili, ndivyo sheria yenyewe inavyosema. Basi yule aliyesema mama zetu hawawezi kuandika kwa serikali kwa sababu hawana Kiingereza, atafute udhuru mwingine.

Korti nayo hutaka mtu aanze na hizi njia za ofisi kwanza. Ukiruka ngazi unaweza kurudishwa chini, umekwisha poteza fedha ya wakili. Na mkifika kortini kwa ajili ya haki za Katiba, kifungu cha 22 chasema ada ya kufungua shauri la namna hiyo haitozwi. Ada ya kufungua, nasema. Wakili na nauli ni juu yenu.

Waliosoma misheni wanaikumbuka habari ya Nabothi na shamba lake la mizabibu. Mfalme Ahabu alilitaka. Hakwenda na jembe wala na mkuki. Mkewe aliandika barua kwa jina la mfalme, akazitia mhuri, wakapatikana mashahidi wawili wa uwongo. Kila kitu kilikuwa na karatasi. Tangu siku zile mhuri umekuwa mhuri, na mwenye kuogopa mhuri bila kuuliza ulitoka mezani kwa nani, atanyang'anywa.

Watu wa reli tunalo somo letu wenyewe, la Muthurwa, Nairobi. Wengi wa waliokaa nyumba zile walikuwa watu wa reli na jamaa zao, na mwenye ardhi alikuwa mfuko wa uzeeni wa wafanya kazi wa reli. Mwaka 2010 wakaanza kuondolewa, nyumba zikabomolewa, maji yakakatwa. Wakaenda Mahakama Kuu, na hukumu ilitolewa Agosti 2013. Mahakama ilisema kwamba hata mtu asiye na hati ya ardhi ni mtu, ana heshima yake, na haki zake zilivunjwa kwa namna alivyoondolewa. Neno hilo lilikuwa kubwa. Lakini hesabuni: nyumba zilianza kuvunjwa 2010, hukumu ikatoka 2013. Miaka mitatu watoto wanakaa wapi? Ndiyo sababu nasema korti ni njia ya mwisho, hata pale unaposhinda.

Baada ya hapo, mwaka 2016, sheria ya ardhi ikaongezwa vifungu vya namna ya kuondoa watu. Kwa ardhi ya umma, wanaoondolewa wapewe notisi kwa maandishi, itangazwe katika Gazeti la Serikali, katika gazeti la nchi nzima na kwa redio, muda usiopungua miezi mitatu. Nawaambia hili kwa sababu pande zote za njia yetu wako wachuuzi waliojenga vibanda katika ardhi ya reli, na tangu treni ya abiria ianze kwenda Kisumu tena Desemba 2021 watu wanazungumza habari za kusafisha njia. Mimi kazi yangu ni njia, najua hatari ya kibanda kilichokaribia mataruma. Kiondoke. Lakini kiondoke kwa sheria, na jina la mwenyewe liandikwe kwanza katika orodha ya soko, kwa wino.

Wala ugonjwa huu si wa kwetu peke yetu. Soko la Kariakoo, Dar es Salaam, liliungua Julai 2021, wachuuzi wakahamishwa, likatengenezwa. Mwaka 2024 majina ya watakaorudi yalipotangazwa, wako waliotafuta majina yao wasiyaone, wakatoka kwenda kulalamika. Angalau wao walijua siku ile ile nani yumo na nani hayumo, na wakalalamika kabla ya milango kufunguliwa. Mwanzo wa haki ni pale.

Neno la kabila nitalisema upesi, maana linanuka. Wako wanaonong'ona kwamba soko la Fort Ternan liwe la hawa na soko la Muhoroni liwe la wale. Mwaka 2008 pande hizi za Kipkelion na Londiani tuliona mahali maneno hayo yanapofika. Katiba, kifungu cha 27, inakataza. Na tumbo la mnunuzi linakataza pia, kwa maana Mkipsigis anataka omena na Mjaluo anataka maziwa.

Sasa nawageukia wenzangu, na najua wengine watakasirika. Si makarani peke yao wanaoharibu orodha. Kamati za soko zenyewe, zilizochaguliwa na wachuuzi, zina wenyeviti wanaouza nafasi usiku na kuhubiri umoja mchana. Na hata ndani ya chama chetu wako watu wenye vibanda viwili na vitatu katika masoko ya njia hii, kimoja kwa jina lake, kimoja kwa jina la mke, kimoja kwa jina la mtoto ambaye hajaota meno yote. Hawauzi kitu. Wanamkodisha mama maskini kwa bei mara nyingi kuliko ushuru wa kaunti, kisha wanasimama katika mkutano wa tawi kulia juu ya unyonyaji wa mabepari! Ndugu, wewe ni nani ukimtoza yule mama? Siku ya orodha kubandikwa, jina lako litakuwa pale mara tatu, na sisi tutalisoma kwa sauti. Chama hakiwezi kudai usafi wa ofisi ya kaunti huku kimeficha uchafu wake chini ya kitanda.

Wengine husema, "Vibanda ni vichache, watu ni wengi, lazima wengine wakose." Naam, wengine watakosa. Hilo twaweza kulimeza. Lisilomezeka ni kukosa bila kujua kwa nini. Walio na risiti za miaka ya nyuma wapewe kwanza, mtu mmoja kibanda kimoja, na vinavyobaki vipigiwe kura mchana uwanjani, mbele ya watu, karatasi katika kofia, mtoto wa shule akitoa. Anayekosa kwa kura ataudhika na kofia, atakwenda kupumzika. Anayekosa kwa chumba kilichofungwa atakwenda kwa wakili, na ana haki.

Halmashauri ya tawi imekwisha ombwa ilete neno hili katika mkutano ujao. Yanayotakiwa ni haya: tawi liandike barua kwa ofisi ya kaunti ya masoko kuomba orodha ya sasa ya vibanda, majina na tarehe za kugawiwa, kwa sheria ya 2016, lipeleke ombi kwa baraza la kaunti, maana sheria ya serikali za kaunti ya 2012 inampa mtu yeyote haki ya kupeleka ombi huko, kwamba orodha ya kila soko ibandikwe ukutani mwa soko kabla ya mtu yeyote kupewa ufunguo, na lichague watu wawili wa kuandika barua za akina mama wasiojua kuandika. Kiswahili kinatosha.

Wakati huo huo kila mwenye meza atafute risiti zake. Risiti za zamani zikusanywe, hata zilizoliwa na panya. Waliolipa kwa simu wapeleke ujumbe wa malipo uchapwe, kabla simu haijaibiwa au kuanguka majini. Leteni nakala kwa katibu wa tawi siku ya mshahara, kuanzia saa kumi jioni, yeye atakuwa chini ya ule mti ulio nyuma ya stesheni na kitabu cha kuandikia. Anaandika kwa wino.

Wenu katika kazi,
Mtu wa Genge, Fort Ternan